Kombora Moja Halikulia

Mimi nililala. Mama alilala, amemzungusha mdogo wangu mchanga, Asende, kutoka mgongoni mpaka tumboni kabla magoti hayajagusa chini. Bamama wawili wa jirani waliokuja kutusaidia kuchoma shamba wakalala. Wabiwa, dada yangu mkubwa, peke yake akabaki amesimama, akanicheka.

"We mutoto, vita iliisha," akasema. "Basoda balishaenda kwabo. Amuka, unachafua kikwembe."

Hayo ndiyo maneno yake ya mwisho. Mkononi alikuwa na tawi bichi la kupigia moto, usivuke kuingia kwenye muhogo wa wengine. Kishindo chenyewe sikukisikia. Nilisikia ardhi ikinipiga tumboni kama mtu anayegonga mlango kwa hasira, halafu sikio langu la kushoto likajaa kitu kama maji, na maji hayo hayajatoka mpaka leo. Nilipoinua kichwa, lile tawi bichi lilikuwa limeniangukia mgongoni, majani yake mazima, hata moja halikuungua. Mahali aliposimama Wabiwa hapakuwa na Wabiwa.

Sitaandika zaidi ya hapo. Mama yangu aliishi miaka mingi baadaye, na watu hawakuacha kumwita Mama Wabiwa, maana huko kwetu mama huitwa kwa mzaliwa wake wa kwanza, na jina hilo halivuliwi. Kila alipoitwa aende kula, kila alipoitwa kanisani, aliitwa kwa jina la yule ambaye hakulala.

Mimi si mtu wa kuandika. Nilisoma mpaka darasa la tatu tu. Lakini mwezi uliopita nilikwenda Lubondja kwenye matanga ya mzee mmoja, na binti yake akanitolea kopo la maziwa lililofungwa kwa kitambaa. "Baba alisema hii ni ya kwenu," akaniambia. Ndani mlikuwa na kamba ya mama yangu. Niliijua kabla sijaigusa, kwa harufu ya moshi na mafuta ya mawese. Tangu siku hiyo nimekuwa sipati usingizi, na ndiyo maana naandika. Ninyi wa umri wangu mtanielewa, hata kama mliona mambo mengine.

Mzee huyo ni Sarja Ngongo; sarja ni sajini wa jeshi. Alitoka upande wa Kasongo, na jeshi la Wabelgiji lilikuwa limemchukua angali kijana likampeleka mpaka Abisini, yaani Uhabeshi, kupigana na Wataliano. Kama leo niko hai, na Asende yuko hai na watoto wake saba, ni kwa sababu yake. Hilo nalisema kwanza, ili mtu asifikiri nimekuja kulia tu.

Walifika wakati wa kiangazi, kwa malori, wakivuta kanoni mbili, ile mizinga ya jeshi yenye magurudumu. Walipiga hema chini ya kijiji chetu, kwenye njia inayopanda kutoka Baraka kwenda Fizi. Sisi watoto tulikaa kwenye majani kutwa nzima tukiwaangalia. Kila kanoni ilikuwa na watu sita, na hakuna aliyeitwa kwa jina. Moja alitoa amri. Mbili alifungua na kufunga mlango wa nyuma. Tatu aliweka jicho kwenye kioo. Ine alisukuma kombora ndani. Tano na Sita walilitoa kwenye sanduku na kulipitisha. Mimi nilifikiri hayo ndiyo majina waliyopewa na mama zao. Siku moja nilimuuliza Sita, mtu mrefu mwenye chale usoni, kama nyumbani kwao walizaliwa wengi. Alicheka mpaka Moja akamwadhibu kukimbia na gurudumu kichwani.

Kwa wiki mbili hawakupiga hata mara moja. Walikuwa na kombora la mti, gogo tu lililochongwa na kulainishwa na mikono ya watu. Wanaliingiza, wanafunga, Moja anapaza sauti, hakuna kinacholia, wanafungua, wanalitoa. Tena. Tena. Asubuhi mpaka jua linachoma. Nilidhani vita ni hiyo: kuingiza gogo kwenye chuma na kulitoa, na atakayechoka kwanza ndiye aliyeshindwa. Bamama waliokuwa wakipita na mizigo ya kuni walikuwa wanawachokoza.

"Mutoto wenu hatake kula?" mmoja akawauliza. "Kila wakati munamulisha, anatapika."

"Ni mugonjwa, mama," akajibu Sarja. "Letea yeye sombe."

Ndivyo alivyoanza kuja kwetu. Mama alikuwa akimuuzia sombe, yaani kisamvu, na ndagala, dagaa ambazo baba alivua ziwani. Sarja alikuwa mfupi, miguu ya upinde, na alikuwa na tabia ya kula akiwa amegeuza mgongo ukutani. Alipomaliza kula alikuwa anachukua vipande vya muhogo na kutupangia chini vita nzima. Mama akisikiliza huku anamenya, Wabiwa akijifanya hasikilizi.

Alituambia kwamba zamani sana, kwa wakubwa wa Wazungu, kanoni zilisimamishwa wazi kwenye uwanja, zimepangwa kama meno, na kila mpigaji alimwona mtu anayemuua. Halafu bunduki za kawaida zikawa na nguvu, zikaanza kuwamaliza wapigaji pale pale waliposimama. Basi wakubwa wakafikiri, wakazificha kanoni nyuma ya mlima. Hapo akaweka kipande kimoja cha muhogo nyuma ya jiwe la kusagia.

"Sasa huyu haone kitu," akasema. "Kanoni iko kipofu. Anapiga kwenye hajue. Jicho yake iko huku yulu." Akagusa juu ya jiwe. "Jicho ni mi. Mi naangalia ilianguka wapi, natuma neno kwa bendera. Kule Abisini nilikaa kwa mulima na baridi, naona batu bananguka, benye kupiga habaone. Bao banakula kabisa, banalala muzuri."

"Na we?" Mama akamuuliza.

"Mi nakula sombe yako, Mama Wabiwa," akasema.

Alitufundisha pia namna jicho linavyosahihisha kanoni. Kombora la kwanza unalipitisha mbele ya shabaha. La pili unalifupisha, linaanguka nyuma yake. Sasa umeshika shabaha katikati, na la tatu halipotei. Moja mbele, moja nyuma, ya tatu katikati. Wabiwa, aliyejifanya hasikilizi, ndiye aliyeyashika kuliko sisi wote. Kesho yake alikwenda shambani kuwafukuza nyani kwenye mahindi: udongo wa kwanza ukapita juu ya nyani, wa pili ukaanguka miguuni pake, wa tatu ukampata kwenye mbavu. Nyani yule alituangalia kama mtu aliyedanganywa. Tulicheka mpaka tukakaa chini.

Na alitufundisha kulala. Hilo halikuwa kazi yake, hakuna aliyemtuma. Jioni, kabla ya kurudi hemani, alikuwa anatupanga watoto wote wa kijiji, anatembea kati yetu kimya, halafu ghafla: "Lala." Tumbo chini, kinywa wazi ili masikio yasipasuke, mikono juu ya kichwa. Usikimbie, maana vipande vya chuma vinaruka kwenda juu na pembeni, vinamtafuta aliyesimama. Wa mwisho kulala anachekwa. Halafu akawaita na bamama. Mwanzoni walikataa.

"Mi nina mutoto mugongoni," mmoja akasema. "Nikilala, yeye ndiye atapigwa."

Sarja akafikiri. Nadhani huko jeshini hakuna aliyewahi kumwuliza jambo hilo. Kesho yake alikuja na jibu lake: akajifunga begi mgongoni kwa kikwembe, kitenge cha mama yangu, mbele ya watu wote, askari mwenye galoni, zile alama za cheo, akaanguka huku anazungusha lile begi mpaka tumboni. Akarudia mara kumi. Bamama walikufa kwa kicheko, lakini walijifunza. Alikuwa anawahesabia, "Mutoto mbele, lala," siku kwa siku, mpaka Mama akawa anafanya hata akiwa anaongea jambo jingine. Wakati ule nilidhani ni mchezo alioutunga kwa sababu alikuwa na upweke.

Siku ya kupiga kwelikweli, tuliambiwa tuondoke upande wa bonde, kwa maana shabaha ilikuwa huko, na shamba letu lilikuwa huko. Hakuna aliyemwuliza mama yangu. Basi akapanda kilimani na sisi, mpaka pale Sarja alipokuwa na bendera zake, akakaa kwenye majani, akatoa kamba.

"Mama, hapa haiko pa bamama," Sarja akamwambia.

"Ni shamba yangu banapiga," akasema Mama. "Nataka nijue imepigwa mara ngapi."

Sarja alimwangalia, akamwacha. Mama hakusoma hata siku moja, lakini alikuwa na kuhesabu kwake. Siku za mimba, siku ambazo baba yuko ziwani, vyote alivifunga kwa mafundo. Kila kanoni iliposema nyuma yetu, alianza fundo. Kombora lilipita juu yetu kwa sauti ya kitambaa kinachochanwa, na lilipolia bondeni, alilikaza. Kuanza, kukaza. Kuanza, kukaza. Mahali fulani katikati, fundo moja likabaki wazi. Kombora lilikwenda, tukaona vumbi kidogo karibu na mkuyu kwenye kona ya shamba letu, na kimya. Mama akangoja na kamba vidoleni. Sarja naye alikuwa amegeuza kichwa.

"Hiyo haikulia," akasema Sarja, polepole.

Mimi nilifurahi. Nisameheni, nilikuwa na miaka nane. Nilidhani kombora hilo limekataa. Limeuona muhogo wetu likauhurumia, likaamua kulala badala ya kulia. Nilimnong'oneza Wabiwa, naye akasema labda ni kweli. Mwaka mzima uliofuata, kila nilipopita karibu na mkuyu ule, nilikuwa nalisalimia. "Jambo, we muzuri." Nilikuwa nalisalimia.

Walipomaliza, Mama alikuwa na mafundo ishirini na nne, moja kati yake wazi. Sarja alikuwa na kokoto za kuhesabia mfukoni: makombora yaliyotoka ishirini na nne, yaliyolia ishirini na tatu. Alishuka mbele yetu mpaka kwa mkubwa wake. Mkubwa huyo namtaja: Litena, yaani Luteni, Derwael. Watu walimwita Bwana Saa, kwa kuwa jicho lake halikutoka kwenye mkono wa kushoto. Masua, meli ya ziwani, ilikuwa inawangoja Baraka kuwapeleka mpaka Albertville.

"Litena, moja haikulia," Sarja akasema. "Iko karibu na muti mukubwa. Kwa sheria tunaweka bendera nyekundu, tunaitafuta, tunaipasua. Unipe siku mbili."

"Zimelia zote," akasema Derwael. Kiswahili chake kilikuwa cha kutosha kutukana.

"Hata huyu mama amehesabia." Sarja akachukua kamba mkononi mwa Mama, akaionyesha. "Angalia. Hii moja haikufungwa."

Derwael aliitazama kamba ile kama unavyotazama kitu kwenye kiatu. "Sarja, miaka yote ya jeshi, na sasa unanipigia saluti na kamba ya mwanamuke?" Wazungu wengine wawili wakacheka. Akafungua kitabu chake kwenye goti, akaandika mbele yetu. Ishirini na nne. Ishirini na nne. Nilikuwa karibu sana, niliona kalamu inavyosogea. Nilikuwa sijui kusoma, lakini niliona ameandika kitu kimoja mara mbili.

Sarja alisema tena. Alipewa siku nane za kashoo, kifungo cha jeshi, kwa kumbishia mkubwa, na baadaye nilikuja kujua kwamba galoni yake moja ilikatwa. Kabla hawajamchukua, alimwambia mama yangu haraka, kwa sauti ndogo: "Kona ya mukuyu, usiguse. Jembe hapana. Mukono hapana. Mupaka mi narudi." Kamba akabaki nayo. Nadhani alitaka kuionyesha kwa mkubwa mwingine. Hakuna mkubwa mwingine aliyetaka kuiona.

Mama alilima kila mahali, akaiacha kona ile. Nyasi zikasimama humo ndefu kuliko mtu. Mwaka mmoja ukapita, Sarja hakuruhusiwa kurudi, na ndipo akaja wa pili ninayemtaja: Eliya, moniteri, yaani msimamizi wa pamba. Ninyi mnakumbuka pamba ile ya lazima, kila nyumba na kipimo chake. Eliya alikuwa mtu wetu, mtoto wa kwetu, alisoma misheni, alikuwa na baiskeli na kofia. Alipima shamba kwa hatua, akafika kwenye kona.

"Hapa kwa nini?"

"Kuko bombe," Mama akasema.

"Karatasi ya jeshi iko kwa biro ya serikali. Inasema zote zililia. Shamba iko safi."

"Sarja alisema hapana."

"Sarja yako balimutia kashoo. We unajua kusoma kupita karatasi?"

"Kusoma sijue," akasema Mama. "Kuhesabia najua."

Eliya akacheka, akamwambia mbele ya majirani kwamba uvivu wa wanawake wa kijiji hiki sasa umepata hata jina la kijeshi. Akampa mpaka mwezi uishe. Asipoweka pamba kwenye kona, baba atafungwa. Na Eliya akisema kufungwa, mtu alifungwa.

Usiku na mchana Mama alifikiri. Jembe hapana, mkono hapana. Basi akapata njia yake, na mimi nilikuwepo alipomweleza baba: hatalima. Atachoma tu nyasi, kama tunavyochoma kila mwaka kabla ya mvua, halafu atapanda mbegu kwa kijiti, juu juu. Moto si jembe. Moto haugusi. Sarja, mtu wa mjini na wa jeshi, hakujua kwamba shamba letu huanza na moto, kwa hiyo hakuukataza. Na Mama, aliyeshika neno lake lote bila kupunguza hata moja, alilishika mpaka mwisho.

Nyasi ziliungua vizuri. Zilipoanza kukaa chini, niliona kwenye majivu, chini ya mkuyu, kitu kinang'aa chekundu. Ilikuwa ile pete ya shaba inayozunguka kombora upande wa chini. Nilikuwa nimezitamani pete hizo wakati wa basoda, wale askari, nilitaka moja niivae kama bangili. Nafsi yangu ya kwanza ilifurahi. Lakini mwili ulikuwa umeshalala. Sijui nani aliyeulaza. Nilisikia sauti yangu mwenyewe ikisema "Lala", ya Sarja kabisa, na Mama, kabla hajauliza kwa nini, alikuwa anazungusha mtoto mbele. Gogo liliingizwa na kutolewa mara ngapi ili hilo litokee? Hapo ndipo nilipojua maana ya zile wiki mbili za kulisha chuma mti.

Sarja Ngongo alipotoka jeshini hakurudi Kasongo. Alioa Lubondja, na kila mwaka kabla ya kuchoma, alikuja kwetu kwa miguu. Alitembea shamba letu lote na fimbo, hatua kwa hatua, kisha la jirani, kisha la jirani yake. Mara ya kwanza alipokuja alikaa chini kwenye vumbi mlangoni, hakuweza kumwangalia mama yangu.

"Nilisema jembe," akasema. "Nilisema mukono. Moto sikusema."

Mama akamwekea sombe mbele yake. "Batano tulilala," akamwambia. "Kula."

Ni yeye aliyenilipia shule mpaka darasa la tatu, ni yeye aliyenifundisha kuongea na watu nikigeuza sikio la kulia. Miaka yote hiyo hakuwahi kusema kosa ni la mwingine. Nilimpenda kuliko ndugu wa baba. Kwenye matanga yake nilipiga goti nikashukuru kwa sauti, mpaka watu wakafikiri mimi ni binti wa nje.

Lakini yeye alikuwa jicho, na jicho lilisema kweli. Wenye kupiga ndio hawakuona, na hawataki kuona mpaka leo. Nimefanya kama alivyotufundisha. Barua ya kwanza niliituma Ulaya, kwenye ofisi ya jeshi lao, ikapita mbele, sijui ilianguka wapi. Ya pili niliipeleka ofisini Fizi, ikaanguka miguuni pangu palepale, wakaniambia karatasi za wakati ule ziliungua. Hii ninayoandika ni ya tatu.

Derwael, kama uko hai, au watoto wako kama hupo: kitabu ulikiandika kwenye goti lako, mbele ya mama yangu. Na we Eliya, uko hai, najua. Kila Jumapili, siku ya Mungu, unakaa benchi la mbele kanisani Baraka, na kofia kwenye magoti. Sitaki shamba lako wala mbuzi wako. Nina kamba hapa, fundo moja bado liko wazi. Nitakuja nayo Jumapili, nikae karibu nawe, upande wa sikio langu linalosikia. Usimame mbele ya watu, uniambie ile siku zililia ngapi.